Nyuzi Nane Kabla ya Mvua

Hapa Tarakea, mpakani mwa Tanzania na Kenya, mvua huonekana kabla haijanyesha. Wingu huteremka kutoka kilele cha Mawenzi, likaumeza msitu, na tone la kwanza linapoanguka mama mwenye mahindi kwenye turubai ameshaita watoto wote. Zile dakika za hima ndizo ninazozisikia kila nikisikiliza "Kothbiro" ya mwanamuziki Ayub Ogada. Jina hilo la Kijaluo maana yake mvua inakuja, na mwimbaji anahimiza ng'ombe warudishwe nyumbani.

Ogada alizaliwa Mombasa mwaka 1956, nchini Kenya, ng'ambo ya mpaka huu tunaouvuka kwenda Illasit. Mwaka 1985 aliigiza katika Out of Africa, akitumia jina lake la awali, Job Seda. Muziki wa filamu ile ulitungwa na John Barry, ukampatia Oscar. Ni muziki mzuri, ila unaitazama Kenya kutoka kwenye ndege. Miaka 20 baadaye, katika The Constant Gardener ya Fernando Meirelles, ambayo muziki wake mkuu ni wa Alberto Iglesias, ikasikika "Kothbiro", wimbo ambao Ogada alikuwa ameutoa katika albamu yake ya 1993. Safari hii sauti ilitoka ardhini.

Nyatiti, kinubi cha Kijaluo anachokipiga Ogada katika wimbo huo, ina nyuzi nane tu. Mpigaji huketi chini, akavaa pete ya chuma kwenye kidole cha mguu na kuigonga kwenye ala, njuga zikiitikia kifundoni. Aghalabu ni ala ya sherehe na matanga: kasi, sifa, majigambo. Ogada aliipunguzia mwendo. Aliacha nafasi kati ya uzi na uzi, akaimba kwa sauti ya mtu anayezungumza na aliye karibu naye. Naamini alijifunza hayo alipokuwa akipiga mitaani London, ambako mpita njia mwenye haraka hasimami kwa sababu ya kelele. Na filamu inaitaka nafasi hiyo, maana picha nayo ina la kusema.

Alifariki Februari 2019. Nanyi mnaohariri filamu Moshi na Dar es Salaam, kabla hamjaweka kinanda chini ya kila neno la mwigizaji, zimeni sauti zote muitazame picha yenyewe. Kisha mtafuteni mpiga ala wa kijijini kwenu, mketi naye, mmlipe.