Wimbo Uko Wapi?

Mama aliniuliza swali moja tu: "Sasa wimbo wenyewe uko wapi?"

Tulikuwa sebuleni kwetu Langas, hapa Eldoret, jioni ya kumkumbuka baba, mwaka mmoja tangu tumzike. Mama aliniomba nimpigie "Malaika" kwa gitaa, kwa sababu baba alizoea kuupiga mluzi kila akinyoa ndevu. Nilijiandaa wiki tatu. Nikatafuta kodi (za gitaa, si zile za serikali) ambazo hata majina yake yanachosha kuyatamka: zenye noti ya saba, ya tisa, ya kumi na tatu. Kila noti ya wimbo nikaitilia kodi yake chini. Vidole vilikwenda vizuri, sikukosea hata mara moja. Lakini nilimwona mama akifungua mdomo ili aingie, akaufunga, akajaribu tena, akaacha. Nilipomaliza ndipo akauliza, kwa upole, kama mtu anayeuliza chumvi imewekwa wapi.

Nataka kumjibu hapa, maana kosa lile si langu peke yangu. Nikiwasikiliza vijana wenzangu wanaopiga jazi kwa gitaa moja, bila besi, bila ngoma, bila mwimbaji, naona wengi wetu tunaugua ugonjwa uleule. Tunaogopa pengo. Noti ikibaki peke yake tunadhani msikilizaji atasema hatujui kitu, basi tunaijazia. Mwishowe tunakuwa na bibi harusi aliyevalishwa dhahabu mpaka uso hauonekani.

Hesabu yake ni rahisi. Gitaa lina nyuzi sita, na mkono wa kushoto una vidole vinne vya kubania. Kwa mali hiyo kidogo unatakiwa ubebe kazi tatu: mahadhi juu, besi chini, na sauti za kujaza katikati. Ukiongeza katikati, lazima upunguze mahali pengine. Na mara nyingi kidole unachokipeleka kukamata noti ya tisa ndicho kilichotakiwa kubaki kwenye noti ya wimbo hadi ilie yote. "Malaika" ni wimbo wa pumzi ndefu; mwisho wa mstari sauti huvutwa, hairukwi. Mimi pale ndipo nilipokuwa nikiinua kidole kuwahi kodi nyingine. Noti ikafa. Mama hakuweza kuingia kwa sababu mkono uliotakiwa kumshika nilikuwa nimeukata.

Dawa yake sikuipata mbali. Mwaka 1952 Hugh Tracey alimrekodi Jean-Bosco Mwenda huko Jadotville, mji wa Kongo ambao leo unaitwa Likasi, akipiga "Masanga". Mwenda alipiga kwa kidole gumba na cha shahada tu, na kodi zake ni zile ambazo mwanafunzi wa gitaa huzijua mapema. Ajabu ni kwamba huhisi kama kitu kimepungua. Gumba linatembea chini bila haraka. Juu yake mahadhi yanakwenda, yanarudi, yanageuka kidogo. Madoido yapo, tena mengi, ila yametoka ndani ya mahadhi yenyewe. Hayakubandikwa juu yake kama stempu.

Na huku kwetu magharibi mwa Kenya tulikuwa na George Mukabi, aliyefariki mwaka 1963, bingwa wa mtindo wa omutibo. Gitaa lake linakimbia, besi na mahadhi vikifukuzana, na pembeni mtu anagonga chupa ya soda. Lakini sikiliza vizuri: sauti ya mwimbaji inapoingia, gitaa linajua kukaa. Linajibu pale mwimbaji anapopumua. Sijui kama kuna darasa bora zaidi la kupangia gitaa kuliko hilo.

Najua hoja itakayonijia. Mtu ataniambia: kama ni hivyo, achana na jazi, upige nyimbo za chekechea. Jazi ni kodi bana! Ni kweli kwa kiasi chake. Mahadhi yakiachwa uchi kabisa kutoka mwanzo hadi mwisho, mara ya pili msikilizaji anaangalia simu. Kodi isiyotarajiwa inaweza kukuonyesha huzuni ambayo hukujua kama imo katika wimbo ulioimba tangu utotoni. Sitaki kuipoteza nguvu hiyo.

Ila mrudie Joe Pass katika albamu ya "Virtuoso", aliyoirekodi mwaka 1973, gitaa moja tu mwanzo hadi mwisho. Watu humtaja kama ushahidi wa kupiga vingi. Mimi nasikia kinyume. Pass anagawa zamu. Kipande cha wimbo, kisha kodi. Mbio za noti, kisha besi inatembea. Halafu wimbo tena. Ni sikio lako linalokaa na kile alichokiacha sekunde mbili zilizopita na kukiunganisha na hiki cha sasa. Hapigi vyote kwa pamoja. Anakufanya uamini hivyo.

Kwa hiyo kipimo changu siku hizi ni hiki: kabla ya kuongeza kodi, naimba mstari huku nikipiga. Kodi ikinikatiza pumzi, inatoka, hata kama niliilipia kwa wiki nzima ya mazoezi. Ikija pale ninapovuta pumzi, inakaa. Kizuri chajiuza, mahadhi ya "Malaika" yamejiuza tangu kwa Fadhili William hadi kwa Miriam Makeba, bila msaada wangu.

Jumapili moja baada ya chakula nilimpigia mama tena. Mzunguko wa kwanza, gumba na mahadhi basi. Wa pili, mwisho wa kila mstari, noti ya juu ikiwa bado inalia, nikasogeza sauti moja ya katikati hatua moja. Kati ya kodi zangu zote za kwanza nilibakiza moja tu ya ajabu, karibu na mwisho. Mama aliingia mapema, akaimba mpaka hapo, kisha akanyamaza.

"Kwani hapo umeweka nini?"

"Nimeharibu, mama?"

"Hapana." Akaangalia mlango wa bafu. "Hapo ndipo baba yako alikuwa anapotea kila asubuhi."

Kodi hiyo nimeiacha papo hapo.