Sembène, Mandabi na Suala la Lugha

Wahakiki wengi hulieleza badiliko la Ousmane Sembène kwa namna moja: mwanaharakati alitambua kwamba watu wake hawasomi Kifaransa, akaiacha kalamu, akashika kamera. Kalamu hakuiacha, lakini kubwa zaidi ni kwamba maelezo hayo yanalipita suala ambalo sisi wa isimu hatuna budi kulishughulikia.

Sembène, aliyezaliwa Senegali mwaka 1923, alikuwa kuli wa bandari ya Marseille na mwanachama wa chama cha wafanyakazi cha CGT. Mwaka 1962, akikaribia miaka 40, alikwenda Moscow kujifunza utengenezaji wa filamu, na mwaka uliofuata akatoa Borom Sarret. Hata hivyo, mwendesha mkokoteni wa Dakar anawaza humo kwa Kifaransa! Katika La Noire de... (1966) tatizo ni zito zaidi. Diouana, mtumishi wa nyumbani asiyejua kusoma, anatusimulia dhiki yake kwa Kifaransa fasaha, tena kwa sauti ya Toto Bissainthe, mzaliwa wa Haiti. Wapo wanaoitetea sauti hiyo kuwa ni kinaya. Kwangu mimi ni dosari: Diouana ameazimwa ulimi wa mabwana zake.

Kwa maoni yangu Sembène alikuwa mtengenezaji filamu kamili mwaka 1968, akiwa na miaka 45, alipotoa Mandabi. Kwa kuwa sehemu ya fedha ilitoka Ufaransa, filamu ilipigwa mara mbili, kwa Kifaransa na kwa Kiwolof. Mzee Ibrahima Dieng anahangaishwa ofisi hadi ofisi kwa ajili ya hawala ya fedha iliyotumwa na mpwa wake kutoka Paris. Katika Kiwolof, Kifaransa kinasikika kama ukuta kati ya mzee na karani. Katika toleo la Kifaransa ukuta huo hausikiki tena, na kisa kinabaki cha urasimu tu.

Hapa Lubumbashi, kundi la maigizo la Mufwankolo lilichagua zamani Kiswahili cha mji; kitabu cha Johannes Fabian cha 1990 kinashuhudia. Anayekusudia kutengeneza filamu kwetu akimpa mama muuzaji wa komini ya Kenya Kiswahili sanifu cha kurasa hizi, atakuwa amemrudia Diouana. Sanifu yetu apewe yule karani wa posta anayedai kitambulisho.