Nani Aliandika Maangamizi?

Vijana wa Kashai wakitoka kwenye banda la video hubishana usiku kucha juu ya steringi na adui. Ukiwauliza nani aliandika hadithi yenyewe, kimya. Basi leo, wenzangu mnaoficha miswada chini ya godoro, tumtazame Queenae Taylor Mulvihill.

Huyu dada ni Mmarekani mweusi. Ndiye aliyeandika mswada wa Maangamizi, sinema iliyoongozwa na Mtanzania Martin Mhando pamoja na Ron Mulvihill. Mwaka 2001 ikawa ya kwanza kupelekwa na Tanzania kugombea Oscar. Haikuteuliwa, na nchi ikakaa hadi 2022 ndipo ikapeleka ya pili, Vuta N'Kuvute, iliyotokana na riwaya ya Shafi Adam Shafi. Kazi kubwa namna hiyo, lakini litaje jina la mwandishi hapa Bukoba, au shuka nalo mpaka Muleba, watu watakutumbulia macho tu.

Daktari Asira anatoka Marekani kuja kutibu wagonjwa wa akili. Anamkuta Samehe, mwanamke aliyenyamaza miaka 20 kwa unyama alioushuhudia utotoni. Anayemwongoza Samehe ni mzimu wa kale, bibi aitwaye Maangamizi.

Hapo kwenye kunyamaza navua kofia. Sisi tunaoanza kuandika tunajaza kurasa. Wahusika wanapiga soga weee, mpaka msomaji anasinzia. Queenae kampa mhusika wake mkubwa kimya, na kazi ya kukibeba ikamwangukia Amandina Lihamba (naye mwandishi, tamthilia ya Hawala ya Fedha ni yake). Kuandika kimya si mchezo, bwana. Lazima ujue mtu anazuia nini kooni.

Kwenye majina, hapana. Samehe! Maangamizi! Na Asira, ambalo sikio letu linalisikia "hasira"! Mtu wa Kiswahili anaambiwa mwisho wa hadithi kabla hajakaa vizuri kwenye benchi. Kwa mgeni labda ni sauti tamu tu. Kwetu "samehe" ni amri.

Linalonikera zaidi linatuhusu sisi. Wahaya tuna mambo ya embandwa. Wazee wa Ihangiro na Kiziba waliyajua kabla ya misheni, na wengi wetu tumelelewa kuyaonea aibu. Queenae hakuona aibu. Mzimu wake si wa kutishia watoto wala si adui wa kupigwa mwishoni, ni bibi anayetaka asikilizwe. Mbona sisi wenye bibi zetu Kamachumu hatuthubutu? Tunaandika mapenzi ya Dar es Salaam, tena wengine hata feri ya Kigamboni hatujaiona.

Ila mlango wa kuingilia hadithi ni wa daktari, na sisi tunaingia nyuma yake kama wageni. Ningependa kuiona sinema hiyohiyo ikianza kwa Samehe, kabla ndege ya Asira haijatua.