Kilimia: Methali na Anga la Meru

Methali yasema kwamba Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, na kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Msomaji aweza kudhani kuwa hapa pana nyota ya uganga. Lakini jina lenyewe latokana na kulima, na maneno haya yafaa kupimwa shambani.

Atazamaye toka Arusha hukiona Kilimia kikishuka magharibi jioni za Aprili, kikapotea katika mwanga wa jua mwezi Mei, masika yakielekea kwisha. Mwezi Juni huzuka mashariki alfajiri, nchi ikiwa kavu. Ndiyo nusu ya pili ya methali. A. C. Hollis, katika kitabu chake cha 1905, aliandika kwamba Wamasai nao hutambua mwisho wa mvua kubwa kwa kupotea kwa nyota hizo.

Nusu ya kwanza ina kasoro. Masika yakikosa, yaahidi mvua Juni, mwezi ambao chini ya Mlima Meru kwa desturi ni wa kiangazi. Hapo uzuri wa mizani umeushinda ushahidi wa anga. Mhakiki na ausifu ufundi huo, ila asimshauri mkulima kuutegemea.