Kimya cha Lorang: Mtindo wa David MacDougall

To Live with Herds (1972), filamu ya David MacDougall kuhusu wafugaji Wajie wa Uganda, iliipunguzia nafasi sauti ya msimulizi ajuaye yote. Wafugaji walisemezana kwa lugha yao, na tafsiri ikaandikwa chini ya picha. Hata hivyo, utazamaji mtupu haukumridhisha msanii huyu; katika makala yake ya 1975 aliihoji kamera inayojifanya haipo.

Jibu limo katika The Wedding Camels (1977), aliyoitengeneza pamoja na mkewe Judith huko Turkana. Humo watengenezaji huuliza maswali waziwazi, na mzozo wa mahari ya Akai, bintiye Lorang, hujengeka kama tamthilia. Aliyezoea mapatano ya bei katika soko la Gakoromone, mjini Meru, hatahitaji kuelezwa kwamba kimya cha mzee nacho ni hoja. Kamera hukisubiri kimya hicho, na hapo ndipo ilipo fani ya MacDougall.

Dosari iko katika tafsiri. Kwa kuwa ni ya Kiingereza, mzee wa Gakoromone asiyekisoma huambulia picha tu, ingawa Lorang ni Mkenya mwenzake.