Ufundi wa Kuionyesha Haya

Katika miji ya Wabukusu iliyotawanyika toka Bungoma hadi pande za Kitale, desturi yataka mwanamume akutanapo njiani na mama mzaa mkewe aiache njia apite kando, wala wasipeane mikono, wala wasile pamoja. Na asiyewajua angedhani baina yao pana uadui, kumbe pana taadhima, na nyuma ya taadhima hiyo jambo ambalo hakuna mzee alitamkaye, kwamba matamanio hayaulizi nasaba.

Adabu hiyo niliyolelewa nayo ndiyo iliyonivuta kwa Krzysztof Kieślowski wa Poland, mwenye filamu kumi ziitwazo Dekalog, alizoziandika pamoja na wakili Krzysztof Piesiewicz kwa ajili ya televisheni mwishoni mwa miaka ya 1980. Ya nne, inayoitazama amri ya kuwaheshimu baba na mama, yamhusu Anka, binti anayesomea uigizaji, na Michał, aliyemlea peke yake tangu mama alipofariki siku chache baada ya kumzaa. Marehemu aliacha barua. Na binti, badala ya kuifungua, anabuni ya kwake kwa mwandiko wa mama, iseme kwamba Michał si baba yake, ili chini ya ulimi wa maiti apate kusema ambalo ulimi wake mwenyewe haukuthubutu. Msanii wa daraja ya chini angelitia hapo mayowe na laana. Kieślowski huwaacha wawili hao chumbani usiku mzima, na Janusz Gajos, aliyeigiza baba, hutuonyesha mtu anayeikana shauku huku akiijua, kwa namna anavyougeuza uso tu. Kisha barua ya kweli inachomwa, na siri inabaki kuwa siri. Sijaona staha kubwa kuliko hiyo katika sinema.

Kwetu Kenya, Wanuri Kahiu aliiendea haya kwa njia nyingine katika Rafiki, kisa cha wasichana wawili wapendanao ambao baba zao wanashindania kiti kimoja, hata fedheha ya binti ikawa hatari kwa kura za mzazi. Bodi ya filamu iliipiga marufuku Aprili 2018, na mahakama ikaifungulia kwa siku saba tu mwezi Septemba. Nashangaa, kwa maana wazee wetu wenyewe wa Kibukusu, kila Agosti ya mwaka shufwa ifikapo tohara, huziruhusu nyimbo zenye maneno ambayo siku nyingine yangemletea mtu fimbo. Walijua kwamba lililokatazwa nalo lahitaji mahali pa kutajwa. Na katika Rafiki yote hakuna kinachonigusa kama Nini Wacera, aliyeigiza mama mcha Mungu, mtalaka wa mgombea, ambaye katika kumkaripia mwanawe twasikia pia aibu yake ya kale ya kuachwa, na hofu ya majirani watakaosema kwamba nyumba isiyo na mume haikuweza kulea.