Wafanyakazi Langoni

Filamu ya Louis Lumière iliyopigwa mjini Lyon, Ufaransa, mwaka 1895, haifiki dakika moja, wala haina sauti. Lango la kiwanda cha vioo vya kupigia picha li wazi. Wafanyakazi, wengi wao wanawake waliovaa sketi ndefu, wanamiminika nje. Baadhi ya wanaume wamepanda baiskeli. Mbwa naye yumo. Hakuna shujaa wala kisa.

Hatuna budi kuisifu kwa kuwaweka watu wa kawaida mbele ya hadhira wakati sanaa hiyo ilipokuwa changa kabisa. Hata hivyo, maudhui ya filamu hupimwa pia kwa yale inayoyaficha. Mwenye kamera alikuwa pia mmoja wa wenye kiwanda. Anatuonyesha wavujajasho wakitoka kazini; jasho lenyewe hatulioni, wala ujira wao. Tena tukio hilo lilipigwa mara tatu: hata kutoka kwao kulipangwa na tajiri.

Kwa hiyo, msanii anayetaka kusimulia maisha ya wafanyakazi asiishie langoni. Na aingie ndani.